Kapu la Posa na Fungu Moja Tu

Paukwa!

— Pakawa!

Kapu?

— Limejaa!

Mbebaji?

— Ana njaa!

Na njia?

— Ndeeefu!

Basi sogeeni. Karanga ziko motoni, nitazikoroga mimi mwenyewe, kazi yenu ninyi ni kusikiliza. Na wewe wa pembeni uliyeitikia kwa pua, safari nyingine itikia kwa mdomo.

Hapo zamani za kale, wanyama na ndege walipokuwa bado wanaazimana chumvi, palikuwa na kanga mmoja mjane. Alikuwa na binti mmoja, jina lake Kidoa, na yeye mwenyewe akaitwa Mama Kidoa. Umbo lake dogo, madoa yake mengi, na maneno yake yalizidi madoa.

Kidoa akachumbiwa na kijana wa akina Kororo, wale kanga wa msituni wenye vishungi kichwani, ambao kwa ajili ya hivyo vishungi hawasalimii mtu kwanza. Kijana mwenyewe hakuwa na neno. Kidoa alimpenda mpaka akasahau kuchakura. Tatizo lilikuwa mama wa kijana.

Bi Kororo alikuwa mwanamke wa hesabu. Alihesabu hatua za mgeni toka mlangoni hadi mkekani. Alihesabu matonge ya mgeni, na mgeni anamwona anavyohesabu. Mchumba wa kwanza wa mwanawe alirudishwa kwao kwa sababu ya kitumbua kimoja.

Sasa sikilizeni desturi yao, maana hapa ndipo mchezo ulipo. Posa ikikubaliwa, upande wa mume hupeleka kapu. Kapu la posa halirudi tupu, hilo hata vifaranga wanalijua. Lakini pia halirudi pungufu, wala halirudi na ziada. Yakija matunda kumi, virudi vitumbua kumi. Ukipunguza, umewadharau wakwe. Ukizidisha, umewaita maskini. Na ukiuliza, "Jamani, mlileta ngapi?" hapo umejimaliza, maana umesema hukukitazama ulichopewa. Posa inakufa papo hapo, na binti anabaki kuchakura kwao.

Bi Kororo akajaza kapu mapera. Akalifunika majani ya mgomba. Akawaita washenga watatu: Ngiri, Kenge na Ngedere.

"Kapu la posa halikai chini," akawaambia. "Ngiri, wewe libebe mpaka mtoni. Kenge, wewe livushe mto na tope lake. Ngedere, wewe lipitishe msitu mpaka kwa Mama Kidoa. Mwambieni, 'Mzazi mwenzako anakusalimu. Hesabu, urudishe kama yalivyotoka.'"

Washenga wakainamisha vichwa. "Sawa, mama!" "Sawa, mama!" "Sawa, mama!"

Jua halijafika utosini, kapu likatua uani kwa Mama Kidoa, na washenga wote watatu wamekwisha kaa mkekani wakingoja wali. Maana kila mmoja alipokabidhi kapu kwa mwenzake, alikata njia ya mkato ili awahi sinia.

Mama Kidoa akafunua majani ya mgomba. Akachungulia. Akazamisha kichwa, akazamisha na shingo. Chini kabisa, kwenye kapu ambalo kuku mzima angeweza kulala akajinyoosha, akaona mapera sita.

"Mzazi mwenzako anakusalimu," Ngedere akasema, mashavu yamemtuna. "Hesabu, urudishe kama yalivyotoka."

Alikuwapo hapo mjomba wa Kidoa, Mjomba Hondohondo. Msiniulize hondohondo alikuwaje mjomba wa kanga, ukoo wa watu hauchunguliwi. Mdomo wake mkubwa, sauti yake nzito, na shughuli zote za wakwe zilikuwa mikononi mwake kwa sababu hakuna aliyeweza kumnyamazisha.

"Sita!" akanguruma. "Turudishe vitumbua sita. Kazi imekwisha. Wali uko wapi?"

Mama Kidoa akalizunguka kapu. Kapu lilikuwa na alama ya utomvu wa mapera mpaka ukingoni. Hayakutoka sita kule, hata kama macho yake yangekuwa ya kuazima. Akirudisha sita, Bi Kororo atasema, "Tumedharauliwa." Akikisia, atakosea. Akiuliza, ameumbuka. Akamtazama Kidoa, ambaye alikuwa anasuka ukili wa mkeka wa arusi na kuimba peke yake. Akamwonea huruma mwanawe.

Kisha akawatazama washenga. Kwenye pembe ya Ngiri palikuwa na kokwa ndogo ya pera. Kenge alikuwa anajilamba. Ngedere alikuwa amefumba mdomo kama mtu anayeogopa mbu.

"Aa," Mama Kidoa akasema moyoni. "Kumbe mwizi yuko mkekani, anangoja na mchuzi."

Akapakua wali. Akawakaribisha. Walipokwisha kunawa, akajikuna shingo, akasema kana kwamba neno limempitia tu:

"Mashallah, mmefika salama. Nilikuwa na hofu. Nasikia mapera ya kwa Bi Kororo hupakwa dawa ya kulinda posa. Mbebaji akila kidogo, tumbo humnguruma tu, basi. Lakini yule aliyekula kuliko wenzake, mkia humkatika kabla ya jua kuzama. Haya, leteni masinia nikaoshe."

Washenga wakatazamana. Kila mmoja akaukalia mkia wake.

Mama Kidoa akaenda nyuma ya jiko. Hata hajamwaga maji, Ngiri huyo.

"Mama," akanong'ona, "fungu moja tu! Mimi nilikuwa wa kwanza, kapu limejaa. Kuhesabu sijui, lakini kugawa najua. Nina miguu minne, nikagawa mafungu manne sawasawa. Nikala fungu moja tu, mafungu matatu nikayarudisha kapuni. Robo, mama! Robo si inanguruma tu?"

"Inanguruma tu, baba. Kapumzike."

Ngiri akaenda. Kenge huyo, anatambaa.

"Mama, fungu moja tu! Nilipolipokea kapu kwa Ngiri, kulihesabu sikuweza, lakini kugawa nikagawa. Mafungu matatu sawasawa: la Bi Kororo aliyetoa, la Mama Kidoa anayepokea, la Kenge anayelowa. Nikala langu. Theluthi tu ya nilichokikuta, mama."

"Pole kwa kulowa, baba. Kapumzike."

Kenge akaenda. Ngedere hakuja. Alibaki mkekani, kaushika mkia kwa mikono miwili. Ikabidi Mama Kidoa amfuate.

"Na wewe, mshenga wangu, ulikula?"

"Hata!" Ngedere akasema. "Nusura, lakini sikula."

"Nusu?"

"Nusura, mama! Yaani nilikaribia, nikajizuia."

"Nimesikia nusu."

"Nusu-*ra*!"

"Ra umeiongeza sasa hivi. Nusu ilitoka kwanza."

Ngedere akaachia mkia. "Umejuaje?" akasema. "Nina mikono miwili, mama. Nilipolipokea kapu kwa Kenge, nikagawa mafungu mawili sawasawa, moja kila mkono. Nikala la kulia. Fungu moja tu!"

Mama Kidoa akarudi kwa Mjomba Hondohondo, akamweleza yote. Mjomba akakohoa kikohozi cha wazee wa baraza.

"Hii hesabu ni yangu," akasema. "Leteni mawe."

Akapanga mawe kumi na mawili, eti ndilo kapu. "Ngiri kala robo. Robo ya kumi na mawili ni matatu." Akaweka matatu kando. "Kenge kala theluthi. Theluthi ya kumi na mawili ni manne." Akaweka manne. "Ngedere kala nusu. Nusu ya kumi na mawili ni sita." Akanyoosha mdomo achukue sita, akakuta mawe matano. Akaazima jiwe jingine njiani. Akajumlisha. Akajumlisha tena. Akajumlisha mara ya tatu, macho yamemtoka.

"Wamekula kumi na matatu ndani ya kumi na mawili," akasema polepole, "na sita yamebaki. Mama Kidoa! Hili kapu lina baraka! Tusilirudishe!"

"Mjomba."

"Tulifungie ndani!"

"Mjomba, nisikilize."

"Ila Ngedere ndiye mwizi mkubwa. Kala nusu! Ngiri kala robo tu, maskini, robo ni kitu gani? Mkia wa Ngedere ukikawia kukatika, tuukate wenyewe!"

Ngiri akaitikia kwa furaha, "Ukatwe!" Kenge akaitikia, "Ukatwe!" Ngedere akaanza kulia kwa sauti, na kila alipolia, shavu likatoa harufu ya mapera.

Mama Kidoa akacheka. Akacheka kicheko cha kanga, kekekekeke, mpaka vifaranga wa jirani wakaja kuona.

"Mjomba," akasema, "nusu ya Ngedere haikutoka kwenye kapu la Ngiri. Kila mmoja alikuta kapu lake. Wewe umewalisha wote watatu kwenye kapu moja, ndiyo maana mawe hayakukutosha. Wamekula wakienda mbele. Sisi tutahesabu tukirudi nyuma."

Akachakura vumbi mpaka likalainika. Akayapanga yale mapera sita mstari mmoja.

"Haya ndiyo niliyoachiwa na Ngedere. Ngedere aligawa mafungu mawili, akala moja, akaacha moja. Fungu aliloacha ni sita. Alilokula?"

"Sita," akasema Kidoa, ambaye alikuwa ameacha ukili na kusogea.

"Sita. Basi Ngedere alipokea kumi na mawili." Mama Kidoa akachora duru sita vumbini kwa ukucha. "Turudi nyuma. Haya kumi na mawili ndiyo aliyoyaacha Kenge. Kenge aligawa mafungu matatu, akala moja, akaacha mawili. Mafungu mawili ni kumi na mawili. Fungu moja?"

"Sita," akasema Kidoa.

"Sita. Basi Kenge alipokea kumi na manane." Akachora duru sita nyingine. "Turudi nyuma tena. Ngiri aligawa manne, akala moja, akaacha matatu. Mafungu matatu ni kumi na manane. Fungu moja?"

Kidoa akaanza kucheka kabla ya kujibu. "Sita, mama!"

Mama Kidoa akachora duru sita za mwisho, akaupitisha ukucha juu ya vumbi lote. Sita, na sita, na sita, na sita.

"Ishirini na manne," akasema. "Bi Kororo alituma mapera ishirini na manne."

Ngedere akanyamaza kulia. "Kwa hiyo mimi nilikula..."

"Sita."

"Na Ngiri mwenye kijirobo chake?"

"Sita. Robo ya kapu lililojaa, na nusu ya kapu lililoliwa, zimekuwa fungu lile lile."

Ngiri akatazama pembeni. Kenge akajifanya anatafuta kitu mkekani. Mjomba Hondohondo akayakusanya mawe yake kumi na matatu, akayarusha nyuma ya jiko mtu asiyaone.

"Sasa," akasema Mama Kidoa, "mapera sita nimeyapokea, vitumbua sita ni vyangu. Hayo kumi na manane mnayajua yalipo. Mkila sawa, mnatwanga sawa. Vinu vile pale."

Washenga wakatwanga. Ngiri akatwanga mchele wa vitumbua sita, jasho linamtoka. Kenge akatwanga wa vitumbua sita, mkia unamsaidia. Ngedere akatwanga wa vitumbua sita, na kila alipopeleka mkono mdomoni, Mama Kidoa alimdonoa kisogoni. Unga ukachanganywa na tui la nazi, ukaumuka, vikaiva vitumbua ishirini na vinne vya rangi ya dhahabu, iliki inanukia mpaka mtoni.

Lakini Mama Kidoa hakuwa ametulia. Kwa desturi, mshenga aliyeleta kapu ndiye anayelirudisha. Vitumbua vyake vitapita mikono ile ile na njaa ile ile. Vikitoka ishirini na vinne, vitafika sita, na hakuna hesabu itakayomwokoa kule.

Akakaa. Akafikiri. Kisha akacheka peke yake.

Akakaanga vitumbua vitatu vya ziada, vikubwa kuliko vyote. Nje akavipaka asali. Ndani, badala ya iliki, akatia pilipili kichaa, zile ndogo nyekundu zinazomliza hata anayezichuma. Akaviweka juu ya kapu, vitatu vimekaa kama wazee barazani, na ishirini na vinne chini yake.

"Mama, si umezidisha?" Kidoa akauliza kwa hofu. "Ni ishirini na saba!"

"Vimetoka ishirini na saba," akasema Mama Kidoa. "Nangoja kuona vitakavyofika."

Safari ikaanza. Ngiri na Kenge wakatangulia, kila mmoja kwenye zamu yake mtoni. Ngedere na kapu kichwani, na Mama Kidoa nyuma yake, kichaka kwa kichaka, hatua kwa hatua, maana kanga akitaka asionekane, haonekani.

Ngedere alipofika katikati ya msitu, harufu ya asali ikamshika. "Nitagawa mafungu mawili," akasema, "lakini kwanza nionje." Akachukua cha juu, akatupia chote mdomoni.

Nyinyi mmewahi kumwona ngedere akicheza ngoma bila ngoma? Aliruka. Alilamba mti. Alilamba jiwe. Alilamba mkono wake mwenyewe. Kufika mtoni, machozi yanamtiririka.

"Mbona unalia?" Kenge akamuuliza.

Ngedere angesema nini? Akisema kitumbua kimemuunguza, amesema amekila. "Nalia kwa kuwaacha wakwe," akajibu. "Watu wema sana wale. Haya, pokea kapu, lina asali."

Kenge akapokea, akaingia mtoni. Katikati ya maji akasema, "Nitagawa mafungu matatu, lakini kwanza nionje." Akameza kizima. Akazama mara tatu na moto haukuzimika. Akatoka ng'ambo ulimi uko nje, unaingia, unatoka, unaingia, unatoka.

"Mbona unatoa ulimi?" Ngiri akamuuliza.

"Napima upepo," akajibu Kenge. "Pokea kapu, ndugu yangu. Lina asali."

Ngiri akapokea. Akasogea hatua kumi. "Nitagawa mafungu manne," akasema, "lakini kwanza nionje."

Akaonja. Mkia wake, uliokuwa umelala tangu azaliwe, ukasimama wima! Akatimua mbio, vumbi linafuka, kapu kichwani, mkia juu, hakusimama mpaka uani kwa Bi Kororo. Hakuna kapu la posa lililowahi kufika upesi vile.

"Mbona mkia umesimama?" Bi Kororo akamuuliza.

"Unakuamkia, mama," akasema Ngiri. "Naomba maji."

Kenge na Ngedere nao wakafika wakihema, na Mama Kidoa, aliyeuvuka mto kwa mabawa, akajibana nyuma ya ua, jicho moja kwenye tundu. Bi Kororo akaketi. Akafunua majani. Akaanza kuhesabu kwa mdomo wake, kimoja kimoja, akivipanga juu ya ungo.

Kumi. Kumi na vitano. Ishirini. Ishirini na vitatu. Akapeleka kichwa ndani ya kapu, akakaa huko kitambo. Akatoka na kimoja.

"Ishirini na vinne," akasema. Akatikisa kapu. Haikuanguka hata chembe. Akawatazama washenga watatu, mmoja machozi, mmoja ulimi, mmoja mkia, na macho yake yakacheka ingawa mdomo ulikataa. "Huyu mzazi mwenzangu si mtu wa mchezo. Nileteeni binti yake. Arusi Ijumaa!"

Nyuma ya ua Mama Kidoa akafumba macho, akashukuru. Alikuwa anageuka aende zake, aliposikia sauti ya Mzee Kororo, mumewe Bi Kororo, ikitoka ndani kivivu:

"Mke wangu, mbona ishirini na vinne? Mapera niliyachuma mimi. Yalikuwa ishirini na matano."

Ngiri akasahau maji. Bi Kororo akajipangusa mdomo, ingawa haukuwa na kitu.

"Lile la ishirini na tano," akasema, "nusura lifike kapuni."

Kicheko kikapasuka nyuma ya ua, kekekekeke, na wote wakajua mkwe alikuwa pale.

Arusi ikafanyika, Kidoa akaolewa, na tangu siku hiyo mama mkwe hakuhesabu tena matonge ya mtu. Kenge mpaka leo anatoa ulimi, ukimuuliza atasema anapima upepo. Ngiri mpaka leo akikimbia mkia juu. Na Ngedere akipewa kitu hukiweka kwanza shavuni, akisikilizia kama kinawaka.

Wazee walioipokea ngano hii waliniambia hivi: kilichobaki husimulia kilichoondoka, mradi umrudie mlaji mmoja mmoja, ukianzia na wa mwisho. Na anayekwambia alikula fungu moja tu, muulize kwanza kapu alilikuta lina nini.

Ngano yangu nimeigawa. Fungu la asali chukueni ninyi, fungu la pilipili mpeni aliyesinzia.

Haya, geukeni mtazame kikaango. Zimebaki karanga kumi na mbili. Msinitazame hivyo! Mnajua koo la msimulizi linavyokauka. Nilianza kwa theluthi ya nilizozikuta, na pale Ngedere alipolia nikachukua nusu ya zilizobaki. Mafungu mawili tu, tena madogo.

Zilikuwa ngapi? Atakayesema kwanza ndiye atakayekoroga kesho.